Kalamu, Jukwaa na Kamera: Maswali ya Wasomaji

Mwezi huu barua nyingi zimetoka kwa waandishi wa habari wa Unguja na Pemba wanaotaka kuandika kitabu, kupanda jukwaani au kutengeneza dokumentari bila kuacha gazeti au redio iliyowalea. Zilizofanana tumeziunganisha na nyengine tumezifupisha.

Assalaamu alaykum. Nimeripoti habari za karafuu misimu kadhaa na nina rikodi nyingi za wakulima na wachumaji. Nataka humo kitoke kitabu, onyesho na filamu. Nianze na kipi?
*Mwandishi wa redio, Chake Chake*

Wa alaykum salaam. Kabla ya kuchagua, zijue kwanza rikodi zako. Saa moja ya mazungumzo hutoa maneno 6,000 hadi 7,000, na kuyanukuu yote hula saa nne hadi sita za kazi, kwa hiyo usinukuu kila kitu. Vaa hedifoni, sikiliza kila faili mara moja, na uwe na daftari lenye safu tano: jina la faili, dakika na sekunde, nani anasema, anasema nini kwa sentensi moja, na ridhaa aliyotoa ilikuwa ya nini. Safu ya tano ndiyo inayosahauliwa. Mtu aliyekubali sauti yake isikike redioni hajakubali kugeuzwa mhusika wa riwaya, wala kuigizwa mbele ya watu kwenye jukwaa la Ngome Kongwe. Hao itabidi uwarudie mmoja mmoja, na bora uwarudie sasa kuliko kitabu kikiwa mtamboni.

Daftari likijaa utaona wenyewe kipi kinakwenda wapi. Bei ya kilo na tani zilizonunuliwa na ZSTC, shirika la serikali linalonunua karafuu, ni mali ya gazeti. Zikiingia kwenye filamu huchakaa kabla filamu haijaonyeshwa. Ugomvi wa ndugu juu ya shamba la mirathi ni wa kitabu, kwa sababu unataka miaka, majina ya mababu na nafasi ya kila upande kusema lake. Mzee anayesimulia huku anakohoa na kujicheka mwenyewe, huyo ni wa jukwaa au redio. Halafu kuna kazi ya kuchambua: wanawake wamekaa juu ya jamvi usiku, kishada kinabanwa kwenye kiganja na kusokotwa mara moja, karafuu zinamwagika upande huu, makonyo, yaani vijiti vyake, yanatupwa upande ule, na mikono haisimami hata wakizungumza mambo mengine kabisa. Hiyo ni ya kamera. Kwa maneno utajaza kurasa mbili na msomaji wa Dar es Salaam bado hataiona.

Kwa mpangilio, filamu ndiyo yenye masharti magumu, maana inafuata msimu. Mkarafuu haubebi sawasawa kila mwaka, na ukikosa mavuno makubwa unaweza kungoja zaidi ya mwaka mmoja. Basi piga picha msimu ukiwepo, hata kama fedha za kuhariri hujazipata, na kitabu kiandike miezi ambayo miti imetulia.

Kazi usiache. Muhammed Said Abdulla alianza kuhariri gazeti la *Zanzibari* mwaka 1948, akaja kuhariri jarida la *Mkulima* kuanzia 1958 hadi alipostaafu 1968, na ni katikati ya miaka hiyo ndipo kisa chake cha kwanza cha mpelelezi Bwana Msa kiliposhinda mashindano ya uandishi ya 1957–58, kikachapwa kitabu 1960. Mshahara ulitoka kwenye uhariri.

Shikamooni. Niliwarikodi wanawake wa mwani kwa simu na maiki ndogo ya kubana. Picha nzuri, lakini sauti ni upepo na mchakacho mtupu. Nikirudi nifanye nini?
*Msomaji wa kike, Jambiani*

Marahaba. Hayo ni maradhi mawili na kila moja lina dawa yake.

Upepo kwanza. Kipira cha sponji kinachokuja na maiki kinafaa ndani ya nyumba tu. Pwani ya mashariki wakati wa kusi unahitaji kifuniko cha manyoya, na mzungumzaji ageuke mpaka upepo umpige mgongoni, mwili wake uwe ukuta wa maiki. Kama programu yako ina kichujio cha sauti nzito, kiweke kwenye Hz 80. Mngurumo unapungua na sauti ya mtu haiguswi.

Mchakacho unatoka kwenye mtandio au kanga kusugua maiki. Chukua vipande viwili vya plasta, kila kimoja ukikunje pembetatu na gundi ibaki nje, kisha bana maiki katikati yake. Upande mmoja unashika nguo ya ndani, wa pili unashika mtandio, na maiki na kitambaa vinatembea pamoja badala ya kusuguana. Chini ya maiki piga waya kitanzi kidogo na ukibandike, ili mtikisiko wa waya usipande juu. Mahali pake ni kifuani, sentimita 15 hadi 20 chini ya mdomo. Avae mwenyewe, au avishwe na mwanamke mwenzake. Fundi wa kiume anayeingiza mkono kwenye mtandio wa mke wa mtu ameshaharibu mahojiano kabla hayajaanza.

Rikodi kwa kHz 48 na biti 24, na kilele cha sauti kiguse dB -12. Sauti iliyorikodiwa chini unaweza kuipandisha, ila iliyopasuka haitengenezeki. Na sikiliza kwa hedifoni palepale. Kutazama mishale inacheza si kusikiliza.

Lakini ushauri mkubwa ni huu: mahojiano usiyafanyie baharini. Baharini chukua picha na sauti za mahali, yaani vigingi vikigongwa, maji yakipigwa na miguu, watu wakiitana. Mazungumzo mkafanyie nyumbani, ameshaoga na kula, kwenye chumba chenye kitanda, mkeka na mapazia, kwa sababu chumba kitupu cha matofali kina mwangwi. Zima feni. Zima friji pia, na funguo zako zitie ndani ya hiyo friji, hutaondoka bila kuiwasha. Mkimaliza, watu wote wakae kimya dakika moja na urikodi ukimya huo. Utauhitaji kuzibia mapengo wakati wa kuhariri.

Yako mawili ya kwetu zaidi. Sisi tunasikiliza kwa mdomo: "ehee", "naam", "enhe, halafu?" Kila "ehee" yako inakaa juu ya neno lake na haiondoki. Itikia kwa kichwa na macho. Na mwombe ajibu kwa sentensi nzima, maana swali lako litakatwa; "tangu nikiwa msichana" peke yake halimwambii mtazamaji chochote.

Juu ya wakati: mwani hufanyiwa kazi maji ya bamvua, mwezi mwandamo na mwezi mpevu, na bamvua la huku hupwa kabisa kiasi cha saa nne za asubuhi. Maana yake kazi inafika kileleni jua likiwa kali, na nyuso zilizo chini ya kofia na kanga zinatoka nyeusi. Fika saa mbili na nusu, maji bado yanatoka, upate nyuso. Saa nne piga mikono, kamba na mandhari. Filta ya polaraizi itakuondolea mng'aro wa maji. Maji mafu, yasiyopwa sana, usipoteze nauli.

Muulize pia analima mwani gani. Cottonii, ambao bei yake ni nzuri zaidi, umekuwa ukifa maji yakipata joto, na wengi wamebaki na spinosum. Filamu isiyotafautisha hizo aina mbili itachekwa Jambiani nzima.

Nikipiga picha ndani ya nyumba usiku, video inakuwa na michirizi inayopanda na kushuka. Kamera mbovu?
*Mwanafunzi wa uandishi wa habari, Vuga*

Kamera nzima. Umeme wetu ni wa Hz 50, kwa hiyo taa za mirija na LED za bei rahisi huwaka na kufifia mara 100 kwa sekunde, wakati simu na kamera nyingi zinakuja zimepangwa fremu 30 kwa sekunde na shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) 1/60 kwa ajili ya nchi za Hz 60. Nenda kwenye menyu, chagua PAL, mfumo wa nchi za Hz 50, weka fremu 25 na shata 1/50. Ukihitaji kupunguza mwanga tumia 1/100. Nje juani 1/50 itaunguza picha, hapo ndipo filta ya kiza ya lenzi inapohitajika. Video uliyokwishapiga inaweza kusafishwa na programu, lakini husafika nusu. Na usichanganye fremu 25 na 30 katika filamu moja: mtu akipita mbele ya kamera utamuona anadundadunda.

Dokumentari yangu ya dakika 26 inatumia sekunde 40 za wimbo wa zamani wa taarabu. Wenzangu wanasema sekunde chache si kosa, na nyimbo za zamani hazina mwenyewe. Ni kweli?
*Mtayarishaji, Ng'ambo*

Yote mawili si kweli. Hakuna idadi ya sekunde inayoruhusiwa kwa muziki wa filamu, na kazi inalindwa uhai wote wa mtunzi na kwa muda usiopungua miaka 50 baada ya kufa kwake. Umri wa wimbo hauhesabiki. Kinachohesabika ni mwaka aliokufa mtunzi.

Kwa taarabu kazi ni ngumu zaidi kwa sababu wimbo mmoja una watu wengi. Yuko mshairi aliyetunga maneno, na mara nyingi si mtu wa kikundi kile. Yuko aliyetia muziki. Wako waimbaji na wapigaji. Na yuko mwenye rikodi, pengine kikundi, pengine redio. Redioni likitajwa jina ni la mwimbaji, basi watayarishaji wengi humkimbilia yeye, wakapata saini ambayo haitoshi. Jambo hili hujitokeza filamu ikiwa tayari imekubaliwa na tamasha.

Ilivyo rahisi ni kuanzia kwenye kikundi chenyewe. Vikundi vikongwe kama Nadi Ikhwan Safaa, kilichoanzishwa 1905, na Culture Musical Club vina wazee wanaokumbuka maneno ya nani na muziki wa nani. Ukishapata majina, nenda ZBC, shirika la utangazaji la Zanzibar, ikiwa rikodi ni yao, kisha COSOZA, chombo cha hakimiliki cha Zanzibar, uulize nani amesajiliwa. Andika barua yenye jina la wimbo, sekunde utakazotumia na zinaanzia wapi, zinakaa wapi kwenye filamu, filamu itaonyeshwa wapi, na kwa miaka mingapi. Idhini ya matamasha peke yake huwa rahisi kuipata na ni nafuu kuliko ya televisheni na intaneti, lakini ukishaiweka filamu kwenye intaneti bila ile ya pili, mitambo ya kutambua muziki inaweza kuizuia siku hiyohiyo.

Mfano unaotutatiza wengi ni Siti binti Saad. Alikwenda kurikodi sahani Bombay 1928 na alifariki 1950, kwa hiyo mtu hudhani kila kitu chake kiko huru. Maneno ya wimbo fulani yanaweza kuwa ya mshairi aliyeishi miaka mingi baada yake, na nakala uliyonayo, iliyosafishwa juzi, inaweza kuwa na mwenyewe. Uliza kwa kila wimbo.

Kama fedha hazipo, mtafute mpiga ganuni au udi, mlipe akupigie kitu kipya, na muandikiane kuwa haki za kutumia katika filamu ni zako. Vijana waliopitia chuo cha muziki cha DCMA wanaiweza kazi hiyo. Na zima redio ya jirani unapofanya mahojiano. Wimbo unaosikika nyuma ya mzungumzaji unakuletea haki ya kulipia, na juu ya hayo hutaweza kukata sentensi yoyote bila muziki kuruka.

Nimeandika makala ndefu juu ya wavuvi na nimealikwa kuisoma jukwaani. Nisome kama ilivyo, au niigeuze utenzi? Na vipi kuhusu majina ya watu?
*Mwandishi, Wete*

Kama ilivyo, hapana. Sentensi ya gazeti hubeba mambo matatu, na msikilizaji hawezi kurudi nyuma kusoma tena. Ikate: jambo moja, pumzi moja. Toa mabano, toa "kwa mujibu wa", na takwimu ukibaki nazo mbili zinatosha. Kusoma kwa utulivu ni maneno 110 hadi 120 kwa dakika, kwa hiyo dakika tisa ni maneno 1,000. Wengi hupeleka 2,000 halafu wanakimbia.

Utenzi unafaa ikiwa una kisa kinachokwenda mbele. Mizani nane kwa mshororo, mishororo minne kwa ubeti, na kina cha mshororo wa nne kirudi kila ubeti. Kwa kughani, ubeti mmoja huchukua kiasi cha sekunde 13 pamoja na pumzi, basi beti 40 ni karibu dakika tisa pia. Kinachoharibika hapa ni maneno ya watu wenyewe: mvuvi alisema mizani kumi na moja, wewe unazibana ziwe nane, na tayari hakusema yeye. Kwa hivyo fanya mchanganyiko. Masimulizi yako yaghani, maneno yao yasome sawasawa walivyotamka, na shusha sauti kidogo kabla ya kuyaanza ili hadhira ijue mdomo umebadilika.

Karatasi zichape kwa herufi za ukubwa wa 16, upande mmoja tu, zenye namba, bila kuzipiga pini. Ukurasa usiishie katikati ya sentensi. Maiki iwe vidole vinne kutoka mdomoni na ikae pembeni kidogo, kwani ikiwa mbele kabisa kila "p" na "b" itapiga kama mlango. Kwenye uwanja wa wazi kama Ngome Kongwe, jaribu sauti saa ileile utakayosoma, kwa sababu upepo wa jioni wa Forodhani haupo mchana. Panga kuanza baada ya isha. Mji Mkongwe misikiti ni mingi na karibu, na onyesho linalosimamishwa na adhana katikati ya kisa hurudi limepoa. Ukianza, wape "Paukwa!" kama kisa kinastahiki, jibu lao litakuonyesha kama spika za nyuma zinafika.

Majina sasa. Kubadilisha jina peke yake hakumfichi mtu katika kisiwa kidogo. Ukisema "nahodha mwenye kilema cha mguu wa kushoto aliyepoteza mashua mbili", Kojani yote inamjua, uwe umemwita Juma au Hamadi. Badilisha kilema, idadi ya mashua na kijiji, au mwombe ruhusa kwa kumsomea kifungu chenyewe. Na ukiunganisha watu wawili kuwa mmoja, umeshatoka kwenye uandishi wa habari, umeingia kwenye mchezo wa kuigiza. Hakuna ubaya, ila mtangazaji wa onyesho alitaje hilo kabla hujapanda.

Nina kitambulisho cha uandishi wa habari. Kinanitosha kupiga filamu?
*Mpiga picha, Michenzani*

Kitambulisho ni cha habari. Filamu ina kibali chake kutoka Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni, ambalo wengi tunaliita BASSFU. Peleka muhtasari wa ukurasa mmoja, orodha ya mahali na tarehe, watu watakaofanya kazi na vifaa vyao. Mji Mkongwe, ikiwa utasimamisha taa au kuziba kichochoro, zungumza pia na Mamlaka ya Hifadhi na Uendelezaji Mji Mkongwe. Bandari, uwanja wa ndege na kambi usivielekezee kamera hata ukiwa na karatasi zote za shamba la karafuu.

Vijijini anza kwa sheha, kiongozi wa serikali wa eneo lile, hata kibali unacho mkononi. Sheha asiyepewa taarifa ndiye anayepigiwa simu kamera ikitoka begini, na saa mbili za asubuhi nzuri hupotea kwa maelezo.

Droni ni Mamlaka ya Usafiri wa Anga Tanzania, na hilo lianze mapema kuliko yote, khasa kwa mjini ambako uwanja wa ndege uko karibu. Ukitaka picha za zamani, Taasisi ya Nyaraka na Kumbukumbu pale Kilimani ndiyo mlango. Kupewa nakala ya kusoma na kupewa ruhusa ya kuionyesha kwenye filamu ni barua mbili.

Nina makala 40 nilizoandika gazetini, maneno 60,000. Mwenye kiwanda cha uchapaji ananitaka nilipie nakala 1,000. Nikubali?
*Mwandishi, Mkoani*

Usikubali bado. Kwanza muulize mhariri wako makala ni za nani. Ulizoandika ukiwa mwajiriwa zinaweza kuwa za gazeti, na barua ya ruhusa ni kazi ya siku moja ikiwa mnasikilizana.

Pili, makala 40 zikifuatana hazisomeki. Kila moja inamtambulisha mhusika upya, kila moja inaeleza ZSTC ni nini, na "juzi" na "wiki iliyopita" zimejaa. Ukiondoa marudio hayo 60,000 hushuka vizuri sana, na pengo linalobaki ndilo la kuandikia kitabu.

Tatu, hesabu. Ukurasa wa A5 hubeba kiasi cha maneno 300, kwa hiyo maneno 60,000 ni kurasa 200, na kurasa za mwanzo za jina na yaliyomo zikiongezwa unafika 208. Hiyo ni namba nzuri, kwa sababu karatasi kubwa ya mtambo hukunjwa kurasa 16, na 208 ni mikunjo 13 kamili. Ukipeleka 211 unalipia mkunjo mzima na kitabu kinaishia na kurasa tupu. Nakala 1,000 ni nyingi kwa kitabu cha kwanza. Kwa uchapaji wa kidijitali anza na 200 au 300. Na maboksi usiyaweke sakafuni. Masika moja tu yanatosha kuota ukungu, hivyo yainue juu ya mbao, mbali na ukuta.

Anayekulipisha ni mchapaji. Mchapishaji hubeba gharama na kukulipa mrabaha, mara nyingi kiasi cha asilimia 10, lakini uliza asilimia 10 ya nini. Kitabu cha shilingi 15,000 kwa bei ya jaladani kinakupa 1,500. Kama hesabu ni ya fedha zinazomfikia mchapishaji baada ya duka kuchukua asilimia 40, fedha hizo ni 9,000 na wewe unapata 900. Haki za filamu na za jukwaa zitenge kwenye mkataba zibaki kwako. *Vuta N'kuvute* ya Adam Shafi ilichapwa 1999 na filamu ya Amil Shivji ikatoka 2021, miaka 22 baadaye. Mkataba unaosaini leo unaweza kuulizwa wakati huo.

Kabla ya kuchapa, fikiria mashindano. Tuzo ya Safal-Cornell, iliyoanza 2014 kwa jina la Mabati-Cornell, hupokea miswada ambayo haijachapwa. Ipo pia Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, iliyotolewa kwa mara ya kwanza 2023. Masharti husomwa ya mwaka husika, khasa idadi ya maneno na kama muswada unaruhusiwa kuwa umewahi kutoka gazetini.

Wazee wangu kwenye filamu wanazungumza Kikae, lahaja yetu ya Makunduchi. Niweke maandishi ya chini kwa Kiswahili? Si itakuwa kama kuwadharau?
*Mtengeneza filamu, Makunduchi*

Weka. Mtazamaji wa Wete atayahitaji sawa na wa Mwanza. Dharau ni kuwarikodia sauti juu yao, wao wakabaki wanachezesha midomo.

Mstari usizidi herufi 42, mistari miwili kwa mara moja, ikae kwenye skrini baina ya sekunde moja na saba. Kiswahili kina maneno marefu, kwa hiyo fupisha bila huruma: sikio linapata yote, jicho linapata kiini. Usivunje mstari baina ya jina na sifa yake, wala "kwa" isibaki peke yake mwishoni. Maandishi yaondoke picha inapokatwa. Yakivuka kwenda picha ya pili, jicho hurudi kuyasoma upya. Tumia herufi nyeupe zenye ukingo mweusi, maana ufukwe wetu ni mweupe na herufi nyeupe tupu humezwa. Ukimaliza, mpelekee mtu wa Makunduchi ambaye hakuwepo siku ya kupiga picha, asikilize bila kusoma, halafu asome bila kusikiliza. Palipopishana, sikiliza faili ya asili, si ile iliyohaririwa.